Mtoto wa Siku ya Sita

Mvua ya alfajiri ilikuwa imelifuta neno tena. Juu, chini ya upenu wa bati ambako maji hayafiki, SEHEMU YA PILI ilikuwa bado inang'aa kwa rangi nyekundu. Lakini chini yake, mahali pa INAKUJA, palibaki mkia wa J na michirizi iliyoteremka mpaka kwenye mfereji. Makame alisimama mbele ya ukuta, kopo la rangi mkono mmoja, brashi mkono wa pili, akautazama kwa hasira ya mtu aliyeanika mpunga ukaliwa na kuku. Hakukumbuka ameshaliandika neno hilo mara ngapi. Mkono ulilijua kuliko yeye. Ungeweza kumfunga kitambaa cha macho, ukamzungusha, ukamsukuma ukutani, na mkono ungeanza wenyewe: I, N, A.

Mji ule wenyewe waliuita Hapa, na kila mahali pasipokuwa Hapa waliita Huko, wala hawakuona haja ya majina zaidi. Hapa palikuwa na Jumba moja la sinema, na katika Jumba hilo ilipata kuonyeshwa sinema moja tu, iliyoletwa kutoka Huko ndani ya sanduku la bati: sinema ya kutisha, ya pande tatu, ile ambayo mtazamaji huvaa miwani ya karatasi yenye kioo chekundu jicho hili na cha buluu jicho lile, na picha zikakataa kukaa kwenye kitambaa, zikamfuata alipo. Watu wa Hapa walikuwa wamezoea picha zenye adabu, zinazobaki kwao. Tangu siku ile wakati wenyewe uliharibika. Jua lilichomoza na kuchwa, wembamba wakanenepa, watoto wakaota meno, yakang'oka, wakaota mengine. Lakini ukimwuliza mtu leo ni lini, alikujibu kwa kuelekeza kidevu kwenye ukuta wa Jumba. Ilikuwa ni baada ya ile ya kwanza na kabla ya ile ya pili, basi. Ukitaka saa kamili, utajiju.

Makame alikuwa na sababu ya kuichukia sinema hiyo, na ya kuingoja, kuliko watu wote. Au ndivyo alivyoamini. Siku ilipoonyeshwa, mkewe Mwanakombo alikuwa chumbani na mkunga, uchungu umemshika, na mkunga alikuwa amemfukuza Makame ukumbini, akamfukuza mlangoni, akamfukuza hata chini ya dirisha. "Wewe mwanamume usinining'inie hapa kama pazia! Nenda zako. Ukirudi utakuta mtu." Makame akaenda kulikokuwa kunaendwa na kila mtu. Mvua ilikuwa inamwagika juu ya bati la Jumba, inapiga kelele kama mchele unaopepetwa, hata maneno ya sinema yakasikika vipande vipande. Ilikuwa habari ya nyumba isiyo na milango, na sauti iliyokaa ndani yake ikiita watu kwa majina. Aliyenyamaza alisalimika. Aliyeitika, mwanamume kwa naam, mwanamke kwa abee, mkono ulitoka ukutani ukamchukua, kiti chake kikabaki kinayumba. Mwisho nyumba ilikuwa tupu, hakuna tena wa kuitwa, na hapo ndipo mkono ulipogeuka. Ulitoka nje ya kitambaa. Ulipita juu ya vichwa vya waliokaa mbele, taratibu, kidole kimoja kimenyooka, ukaja, ukaja, mpaka ukasimama baina ya nyusi za Makame. Aliuona uchafu chini ya ukucha. Aliiona mikunjo ya kiungo. Kisha taa zikawaka, na maandishi yakasema kwamba hiyo ilikuwa sehemu ya kwanza.

Watu walitoka, kila mtu akitazama miguu yake.

Mimi. Jumba zima, mimi.

Wanene wale, wembamba wale, wema na wezi wa kuku, na kidole kikawaruka wote kikaja kwangu. Kimenitakia nini? Kama ni roho, si kingeichukua pale pale? Kimeonyesha tu. Anayekunyooshea kidole hajamaliza na wewe.

Hakumwambia mtu. Jambo kama hilo ukilisema umelikaribisha. Alifika nyumbani amelowa, akapewa binti aliyefungwa kanga, ana nywele tele kichwani, anaitazama dunia kwa jicho moja kama anayepima bei. Jina lilikuwapo, mume na mke walikwisha kukubaliana tangu tumbo lilipoonekana, na hata mvua ya siku ile ilikuwa kama imekuja kulithibitisha. Ilibaki siku ya saba tu, ambayo kinyozi humnyoa mtoto nywele alizotoka nazo tumboni, na baba akainama, akamtia jina sikioni, naye ndiye wa kwanza kulitamka. Lakini siku ya sita Faki, mwenye Jumba, alimwita Makame kwa kuwa ndiye mchoraji wa mabango, akampa rangi, akamwambia aandike ukutani SEHEMU YA PILI INAKUJA. Makame aliandika. Alipofika kwenye A ya mwisho alirudi nyuma akalisoma. Alielewa kinachokuja na kinamjia nani. Na akaelewa jambo la pili lililomkata maini zaidi ya la kwanza: mkono ule ulichukua watu kwa majina yao, nao sasa ulikuwa unamfuata yeye, unasikiliza popote anapofungua kinywa. Akilitamka jina la mtoto, atakuwa amelitia sikioni mwa mkono. Utamwita. Naye mtoto, akiwa amefunzwa adabu, ataitika.

Basi akasema siku ya saba ingoje kidogo, mpaka sehemu ya pili ipite. Na siku ya saba ikangoja.

Siku ya sita ikawa ndefu. Mtoto alitambaa katika siku hiyo ya sita, akasimama dede, akakimbia, akavunja chungu. Nywele za tumboni zilimfika kiunoni, Mwanakombo akazisuka, akazifumua, akazisuka tena. Nyumbani ukimtaka ulimnyooshea kidole, naye akaja. Ndivyo alivyoitwa, kwa kidole, na Makame kila aliponyoosha chake alikikumbuka kile cha sinema, akakikunja upesi, lakini angefanyaje?

"Umesimama kama mlingoti," Mwanakombo alisema nyuma yake. Alikuwa amekuja na kikombe cha uji, na binti yupo pembeni yake anaruka vidimbwi kwa mguu mmoja. "Kunywa hiki kabla hujaanza tena kumwandikia Faki uongo wake."

"Si uongo. Inakuja."

"Imekuja lini? Mimi siku ile ya kwanza nilikuwa na kazi, sikuiona hiyo sinema yenu. Nilichokiona ni mtoto wangu kukua bila jina. Wewe ndiye unayeliandika hilo neno, Makame, halafu wewe ndiye unayeliogopa. Wapi uliona mambo hayo?"

Makame alikunywa uji. Ulikuwa na pilipili manga nyingi, kama kawaida ya Mwanakombo anapokuwa na neno rohoni.

"Jana," mkewe akasema, akipunguza sauti, "Shaame kinyozi alimwita binti yake dirishani. 'Subira! We Subira!' Unajua mji huu, kila nyumba ina Subira wake. Huyu wako alikuwa anacheza mchangani. Akasema 'abee', akainuka, akakimbia kwa Shaame. Juzi wameita Tatu kisimani, akaitika. Wakamwita Mwaka, akaitika. Anaitika kila jina, Makame. Ana njaa ya kuitwa."

Kikombe kilimponyoka. Hakikuvunjika, kilizunguka tu kwenye tope na kulala ubavu. Yote ambayo Makame alikuwa ameyajenga, ukuta wote wa ukimya aliomzungushia mtoto, ulikuwa na mlango upande wa pili, na mtoto alikuwa akitoka na kuingia anavyotaka. Alifikiri mtoto asiye na jina hawezi kuitwa. Kumbe asiye na jina lake huitika la yeyote. Mkono ukija, hautakuwa na haja ya kujua jina lake; utasema lolote, naye atakwenda mbio, mguu mmoja juu, anaruka vidimbwi.

"Ni kweli?" akamwuliza mtoto.

"Kweli nini?"

"Unaitika majina ya watu?"

Mtoto alifikiri. Jino la mbele lilikuwa limeng'oka, na alikuwa na tabia ya kupitisha ulimi katika nafasi yake. "Wakichelewa kuitika wenyewe, naitika mimi. Si yanapotea bure?"

Mwanakombo akageuka upande, akajipangusa uso kwa ncha ya kanga. "Kesho ninakwenda naye kwetu, Huko," akasema. "Kaka yangu atainama amtie jina. Nilitaka uwe wewe. Mungu anajua nimekungoja. Lakini akishalitia kaka yangu, huyu si wako tena, na sitakudanganya."

Akaondoka na mtoto, na kikombe kikabaki kwenye tope.

Makame alivuka barabara kwenda kwa Shaame, ambaye alikuwa kibarazani ananoa wembe, kama alivyonoa kila siku ya neema. Shaame alikuwa mpole, mwenye shingo ndefu aliyoifunga skafu hata wakati wa joto. Nyumba aliyokuwa anaijenga nyuma ya kibanda chake ilikuwa imekamilika yote isipokuwa paa, na miti ya mbaazi ilikuwa imeota sebuleni.

"Wembe ninao," Shaame alisema kabla hajaulizwa. "Siku yoyote. Wewe sema tu, nywele za huyo bintiyo nitazishusha taratibu hata asisikie."

"Na wewe paa utaezeka lini?"

Shaame alivuta skafu. "Nikishaiona ya pili. Mtu hujui yatakayokukuta. Uezeke, halafu alale nani?"

Makame aliliona jibu hilo kuwa la kivivu. Ndivyo alivyowaona wote: wavivu. Jirani yao mmoja alikuwa bibi harusi tangu sinema ya kwanza, hina mikononi inapakwa upya kila inapofifia, na bwana harusi anakuja kila Ijumaa kuuliza kama tayari, naye huambiwa bado, akapewa kahawa. Fundi seremala alikuwa na vitanda vyenye miguu mitatu. Mji mzima ulikuwa umeishia katikati, na Makame aliutazama na kusema moyoni kwamba watu hawa hawana hili wala lile, hawana hata la kuogopa, wanachelewa tu kwa kupenda, wakati mimi, mimi mwenye sababu, nachukuliwa kuwa sawa nao. Kulikuwa na kiburi katika hofu yake. Hakukiona, lakini kilikuwapo, kimekaa ndani kama mwenye nyumba.

Kwa nini hofu ikamfanya mtu ajione mkubwa? Huenda ni kwa sababu dunia haikutazami. Unazaliwa, unakula, unapaka rangi ukuta wa mwenzio, na hakuna anayegeuka. Kisha siku moja kitu kinatoka gizani, kinawapita wote, kinakuelekea wewe. Ni kibaya, lakini kimekuchagua. Tangu hapo unatembea na ubaya huo kama mtu aliyebeba maji ya kujaa, unaogopa yasimwagike, na ukiulizwa kwa nini huendi mbio unanung'unika kwamba watu hawaelewi uzito. Usipokuwa macho utaanza kuyapenda maji hayo. Utamnyima mwanao jina ili yasimwagike.

Alikwenda kwa Faki.

Faki alikuwa katika chumba cha mashine, juu, mahali penye joto na harufu ya vumbi lililoungua. Alikuwa mtu mnene mwenye sauti ndogo, na jicho lake la kushoto alilifunika kwa kiganja kila alipozungumza, tabia ambayo watu waliichukulia kuwa heshima. Mashine ilikaa katikati kama ng'ombe aliyelala. Sanduku la bati lilikuwa pembeni, na juu yake palikuwa na sahani ya maandazi.

"Nataka kujua lini," Makame akasema.

"Lini nini?"

"Usinizungushe, Faki. Sehemu ya pili. Lini?"

"Nitajuaje mimi?" Faki alisema, kwa mshangao wa kweli. "Wewe ndiye unayeandika."

"Wewe ndiye uliyenituma!"

"Mara ya kwanza, ndiyo. Watu walikuwa wanakuja kuniuliza, mmoja mmoja, wanabisha hodi kama wezi: je, iko nyingine? Kila mtu peke yake, kila mtu anatetemeka. Nikaona kuliko kumjibu kila mtu, heri wasome. Nikakwambia andika. Huko hawajaniletea neno lolote." Alichukua andazi, akalitazama, akalirudisha. "Lakini tazama mji ulivyotulia, Makame. Zamani walikuja hapa mlangoni kunipigia kelele kwa sababu ya viti vibovu. Umesikia mtu akilalamikia kiti tangu siku ile? Mtu anayengoja huwa hana muda wa kugomba."

"Ndiyo maana hutaki niandike kwa rangi ya mafuta."

"Ya mafuta inakaa mno," Faki akakiri. "Likikaa sana watalizoea. Likifutika, wanashtuka, ukiliandika upya, wanapumua. Kwani hujawahi kuwaona wanavyosimama kukutazama? Wewe ndiye unayewavusha, ndugu yangu. Mimi nina mashine tu."

Makame alishuka ngazi kwa hasira. Kweli, walikuwa wamesimama. Watu walikuwa wamekusanyika mbele ya ukuta, kama walivyokusanyika kila baada ya mvua, wanamngoja aliandike. Bibi harusi alikuwapo na mikono yake ya hina. Shaame alikuwapo na skafu. Walitazama mahali patupu chini ya SEHEMU YA PILI kwa wasiwasi wa watoto walioambiwa wasiguse sahani mpaka baba afike.

Alichovya brashi. Mkono ukaanza wenyewe, ukaandika I.

Akauzuia. Aliuona mkono wake pale ukutani, unataka kuendelea, na kwa mara ya kwanza akautazama kama anavyoutazama mkono wa mtu mwingine: una mikunjo kwenye viungo, una uchafu chini ya ukucha, rangi nyekundu iliyokauka. Akapiga moyo konde. Ile I akaiongezea mguu, ikawa L. Akaandika E. Akaandika O.

LEO.

Hakuna aliyepiga kelele. Mtu mmoja alisema, "Alaa," pole pole. Halafu wote wakatawanyika mbio, kila mtu kwake, na nyuma ya milango zikasikika kabati zikifunguliwa, mito ikigeuzwa, watu wakitafuta miwani yao ya karatasi.

Adhuhuri haijapita vizuri Jumba lilijaa. Miwani ilikuwa imechakaa, imegundishwa kwa wali na nta, mingine imefungwa kwa uzi, lakini vioo vilikuwapo, chekundu huku na buluu huku, safu kwa safu. Faki alichungulia kutoka dirisha la mashine, uso umemsawijika. Angeweza kushuka na kusema hakuna kitu. Hakushuka. Watu walikuwa wamekwisha kukaa, na hapakuwa na kauli ambayo angeitoa sasa akabaki kuwa Faki. Makame alimchukua Mwanakombo na mtoto, akaketi nao katikati, kwenye kiti kile kile cha siku ile. Yeye alivaa miwani yake; Mwanakombo hakuwa nayo, wala mtoto.

"Umefanya nini?" Mwanakombo alinong'ona.

"Nimechoka," Makame akasema. "Kama kunichukua, kinichukue leo, mkiwa mnaniona. Kabla hakijafika kwake."

Sasa mkewe alimtazama kwa namna nyingine. "Kikuchukue nini?"

Ndipo alipomwambia. Alimwambia yote kwa sauti ya chini, kidole, ukucha, jina, mkono unaosikiliza, na Mwanakombo aliweka kiganja mdomoni, si kwa hofu bali kwa uchungu wa kuwa amelala na mtu huyo kitanda kimoja siku zote hizo asijue amebeba nini. "Ungeniambia," akasema. "Mpumbavu wee. Ungeniambia."

Mashine ilikuwa haijawaka. Makame akasimama.

Sauti ilipotoka ilikuwa nyembamba. "Jamani," akasema. "Kabla haijaanza. Siku ile mkono ulipotoka, haukuwa unamtafuta yeyote kati yenu. Ulinijia mimi. Ulisimama hapa." Akagusa baina ya nyusi. "Kwa hiyo msiogope. Kaeni kwa amani. Ni mimi ndiye niliyenyooshewa kidole."

Alingoja. Alitazamia waguse mioyo yao, washushe pumzi, pengine mtu alie. Badala yake kiti kilikwaruza mbele, na Shaame kinyozi akasimama, skafu mkononi, shingo ndefu iko wazi.

"Wewe unasema nini, Makame?" Shaame alisema. "Kilisimama hapa. Kwenye koromeo langu. Nilikuwa nakiona kinavyonisogelea mpaka nikameza mate. Ndiyo maana sijaezeka."

Bibi harusi akainuka, kiganja chenye hina kimefunguka. "Hapa," akasema. "Kilinielekea hapa. Nikasema nisimwingize mtu mwingine katika balaa langu."

"Kifuani, mimi," akasema fundi seremala.

"Mimi tumboni, nikiwa na mimba."

Wakasimama. Safu moja, safu ya pili, viti vinalia, mpaka Jumba lote likawa wima, kila mtu ameweka mkono mahali pake, miwani imeelekeana, nyekundu na buluu. Hata juu dirishani Faki alikuwa ameondoa kiganja, anaonyesha jicho la kushoto. "Hata mimi huku nyuma ya mashine," ikasema sauti yake ndogo. "Kilipita katika mwanga wote kikanifikia. Mnadhani kwa nini sikuthubutu kuleta nyingine?"

Makame alitazamia furaha imjae. Haikuja. Kilichomjaa kwanza kilikuwa aibu, na chini ya aibu palikuwa na kitu alichokichukia zaidi, wivu. Kumbe kile kidole hakikumjua. Kilikuwa kimechorwa kimtazame kila mtu popote alipokaa, kama jicho la picha, na yeye alikuwa amekipa miaka ya mwanawe. Siku zote hizo alikuwa na balaa lake la peke yake, amelificha, amelilisha, na sasa lilikuwa mali ya soko zima. Alilia. Alilia wazi, makamasi na yote, kama mtu aliyeibiwa na kama mtu aliyesamehewa, bila kujua kipi ni kipi.

Na wengine? Pengine wangekumbatiana. Pengine wangevua miwani, wakacheka mpaka mbavu ziume, Shaame akaenda kuezeka. Ilikuwa karibu. Lakini mtu mmoja akasema, "Aliyekuwa mbele zaidi ni mimi, mimi kilinigusa kabisa," na mwingine akasema, "Wapi! Wewe ulikuwa umefumba macho," na ugomvi ukawaka. Walisukumana. Kila mmoja alitaka kurudishiwa kidole chake. Halafu, kama waliokubaliana, wakageukia dirisha la mashine na kuanza kupiga viti: "Onyesha! Onyesha tujue! Onyesha!"

Faki hakuwa na kitu cha kuonyesha. Aliwasha taa ya mashine tupu. Mwanga mweupe ukapiga kwenye kitambaa, mraba mkubwa usio na doa.

Watu wakaketi. Wakasawazisha miwani. Kimya kikaingia, na katika kimya hicho safu ya mbele ikarudi nyuma kidogo, kama majani yanavyoinama upepo ukipita. Kisha ya pili. Kisha mwanamke mmoja akapiga yowe.

"Unakuja," mtu akasema. "Ule unakuja."

"Baba," mtoto alisema, akimvuta Makame shati, "mbona hapana kitu?"

Makame alikuwa amevaa yake bado. Na kupitia kioo chekundu na kioo cha buluu aliuona, Mungu shahidi, aliuona ukianza kuchomoza kwenye ule weupe, kiganja, kifundo, kidole kimenyooka, mzuri, unamjia. Ulikuwa unamjia yeye. Moyo ulimruka kwa hofu, na katika hofu akaitambua ile furaha ya zamani: nimeonekana. Angeweza kukaa. Hakuna ajuaye angeweza kukaa kwa muda gani.

Aliivua miwani, akaiacha juu ya kiti. Akampakata mtoto, ingawa alikuwa mzito sasa, miguu inaning'inia mpaka magotini kwake, na Mwanakombo akawatangulia, akipangua magoti ya watu waliojibanza vitini wamefumba na kufumbua macho. Hakuna aliyewatazama. Shaame alikuwa ameshika koromeo kwa mikono miwili.

Nje jua lilikuwa limetoka, na ukuta ulikuwa unakauka. Makame alimshusha mtoto kwenye ngazi ya Jumba, akapiga goti. Mwanakombo alisimama juu yao, kanga ameishika kwa nguvu hata vidole vimekuwa vyeupe. Makame alilisogelea sikio la kulia, dogo, lenye vumbi la mchana, akazisogeza nywele za tumboni. Jina lilikuwa limekaa chini ya ulimi wake muda mrefu hata akaogopa limekauka. Akalitamka. Nyuma yao Jumba lilipasuka kwa mayowe.

"Sijasikia," mtoto akasema. "Wanapiga kelele."

Akarudia. Mayowe yakapanda.

"Baba, bado sijasikia."

Makame akainuka. Akashuka ngazi, akavuka barabara mpaka kibarazani kwa kinyozi, ambako wembe ulionolewa ulikuwa unameremeta peke yake. Aligeuka. Mtoto alikuwa amebaki kule ngazini na mama yake, anangoja, ulimi kwenye pengo la jino. Mkono wa Makame ukainuka wenyewe kwa mazoea, kidole kikaanza kunyooka, naye akakikunja, akakifungia ndani ya ngumi. Alivuta pumzi. Alikuwa na hofu kama hajapata kuwa nayo, kwa kuwa sasa ilikuwa hofu kwa ajili ya mtoto tu, na yeye mwenyewe hakuwamo.

"Mwanamvua!" akaita.

Binti aligeuka akatazama nyuma yake. Akatazama kulia, akatazama barabara yote mpaka kisimani, kwa adabu, kama alivyozoea, ampe mwenye jina nafasi ya kuitika kwanza. Barabara ilikuwa tupu. Akamtazama mama yake. Mwanakombo, machozi yanamtiririka, akatikisa kichwa kumwambia hakuna mwingine.

"Abee," akasema.

Akashuka ngazi mbio, akaruka kidimbwi.